Kubali, Ridhia, Afiki

Bwana Seif Mbarouk kanipa kurasa mbili na elfu thelathini:
"Geuza maneno, maana ibaki pale pale.
Mwenyewe akiyaona, asiyajue,
kama mtu aliyepitwa na kanzu yake imetiwa rangi."
Programu ni ya hesabu za maduka,
anaiuza Chake, Wete, mpaka Konde,
na maelezo ya kuiwasha kayachukua kwa mwenzake wa Unguja
bila ya kupiga hodi.

Nimekaa juu ya duka la vitenge, Chachani.
Feni inazunguka kwa kusitasita,
kamusi yangu ya skuli imebanduka jalada.

Fungua programu.
Funua ni ya chungu. Fumbua ni ya jicho.
Zibua ni ya mtaro wa nyuma ya soko.
Kila neno nalikuta na mwenyewe, kakaa mlangoni.
Nikaandika: Anzisha.

Ingiza ufunguo wenye herufi ishirini na tano.
Chomeka, kama kisu kiunoni.
Penyeza inanuka magendo ya usiku.
Nikaandika: Tia.
Bwana Seif kalifuta. "Tia ni ya chumvi."
Nikalirudisha alipokwenda kusali.

Kwa kujaribu nikampigia Bikombo,
karani wa duka la mabati, Micheweni.
"Bofya kitufe cha kijani."
"Nibofye? Kwani fenesi?"
"Tomasa."
"Hilo mwachie mkunga."
"Minya."
"Shoga, una kipele?"
"Haya, bonyeza."
"Si ungesema mwanzo!"
Na bonyeza ndilo lililokuwamo,
ndilo tulilolipiwa kulikimbia.

Soma masharti, kisha kubali.
Ridhia. Afiki. Itikia. Kiri.
Hapa mkono ukasita.

Tibirinzi, nyuma ya pazia la maua ya njano,
niliulizwa mara tatu.
Sikuitikia, sikukiri, sikusema ndiyo wala siyo,
nilikuwa nahesabu pete za pazia:
kumi na nne, moja imevunjika.
Mjomba akatoka barazani akasema,
"Kanyamaa. Karidhia."
Kumbe kunyamaa nako ni kisawe,
na kamusi yangu yote, kurasa mia nne, haikukitaja.

Nikaandika:
Soma masharti. Yakikuelea, sema ndiyo.
"Refu mno," kasema Bwana Seif.
"Liache."
Akanitazama, akaliacha.

Subiri dakika tatu.
Vuta subira. Stahamili.
Hili la pili niliambiwa miaka sita,
na mama, na wifi, na kadhi mwenye kikohozi,
wala hakuna aliyeniambia dakika ngapi.
Simwandikii mtu.
Nikaweka: Ngoja,
na zile dakika nikaziacha tatu, zihesabike.

Ukaja ufunguo wenyewe.
Huo haukubali kupambwa.
Sifuri na O wamefanana kama pacha,
lakini mmoja ukimweka mahali pa mwenziwe
mlango haufunguki.
"Q ndiyo ipi?" kauliza Bikombo.
"O yenye mkia."
"Na hiyo kwa Kiswahili?"
"Haina. Iandike hivyo hivyo ilivyo."
Nikamsomea herufi moja moja,
naye akizirudia kwa sauti dukani,
mwenye kununua misumari akisubiri.

Ukurasa wa mwisho: Programu imeamilishwa.
Imehuika? Imezinduka? Imeamka?
Nilikuwa bado nauma kalamu
Bikombo alipopiga ukelele upande wa pili:
"Imekubali!"

Nikanyamaza.
"Haloo? Nakwambia imekubali."
"Umejuaje?"
"Imelia," kasema.